Asihukumiwe Mtu Kabla ya Kusikilizwa

 

Wameru walipoondolewa Engare Nanyuki mwaka 1951, walimtuma Kirilo Japhet hadi Umoja wa Mataifa mwaka 1952, ili kilio chao kisikilizwe. Haki ya kusikilizwa anayo pia muuguzi au karani wa serikali anayetuhumiwa kazini. Nikodemo naye aliwakumbusha Mafarisayo kuwa sheria haimhukumu mtu bila kumsikiliza kwanza.

Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(a), yatoa haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na ya kukata rufaa. Mtumishi wa halmashauri asiyeridhika na adhabu hukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, kisha kwa Rais. Tangu mwaka 2016 sheria yamtaka amalize kwanza ngazi hizo kabla ya kutafuta nafuu chini ya sheria za kazi. Rufaa ina muda wake. Barua iliyofichwa kabatini kwa aibu huweza kumpotezea haki.

Basi jumuiyani tusimwite mwizi yule ambaye shauri lake halijaisha. Tumsindikize, tumsaidie kutunza nyaraka. Nasi tulio wakuu wa ofisi, tusikilize kwanza, ndipo tuamue.

Amani ya Bwana iwe nanyi.