KIJANA WA HOKI: AVTAR SINGH SOHAL WA NAIROBI

(Hotuba ya mwalimu mumoja wa parokia mbele ya vijana na wageni, siku ya yubile, Yahuma)



Kamati ya yubile ilinipa kazi ya kusema juu ya ujana na muchezo. Ninajua wengi wenu mulitegemea jina la muchezaji wa mupira wa muguu, na majina hayo hayakosekani katika Kongo yetu. Ninaomba ruhusa nipite njia ingine. Nitawaeleza habari za kijana aliyecheza kwa fimbo, muchezo ambao hapa Yahuma hatuna, katika inchi ambayo si yetu. Na kijana mwenyewe si Mukristu, ni mutu wa dini ya Masingasinga. Mwenye kunisikiliza kwa uvumilivu ataona kwa nini nimemuchagua yeye.

Muchezo unaitwa hoki. Watu ni 11 kwa 11, sawa na mupira tunaoujua, na kila upande una mulinzi wake wa goli. Lakini muguu hauna ruhusa ya kugusa mupira, isipokuwa muguu wa mulinzi wa goli peke yake. Kila muchezaji anashika fimbo ya muti iliyopindika chini kama ndoana. Upande mumoja wa fimbo ni bapa, wa pili ni wa mviringo, na mupira unapigwa kwa upande wa bapa tu. Mupira wenyewe ni mudogo, unaenea katika kiganja, uzito wake ni karibu gramu 160, na ni mugumu kama jiwe. Tena bao halihesabiwi kama mupira haukupigwa na mushambulizi ndani ya duara iliyochorwa mbele ya goli. Basi hakuna mutu wa kusimama mbali na kujaribu bahati yake. Ni lazima kuingia ndani kwa akili, na pale mbele ya duara ndipo walinzi wanapongoja, migongo imeinama, macho chini. Kijana wetu alikuwa mumoja wa wale wanaongoja.

Avtar Singh Sohal alizaliwa Nairobi tarehe 22 mwezi wa tatu mwaka 1938. Watu walimuita Tari. Ili mufahamu ginsi Singasinga alivyoweza kuzaliwa Nairobi, turudi nyuma kidogo. Kati ya miaka 1896 na 1901 Waingereza walijenga reli kutoka Mombasa mupaka ziwa la Nyanza. Walileta kwa meli wafanya kazi zaidi ya 30,000 kutoka Uhindi, wengi wao wa jimbo la Punjab. Karibu 2,500 kati yao walikufa katika kazi ile. Sisi Wakongomani hatuwezi kusikia habari hii kama mageni: wazee walituambia watu waliolala chini ya reli ya Matadi, na reli yetu ya kutoka Kisangani kwenda Ubundu nayo haikujengwa kwa nyimbo. Sehemu kubwa ya Wahindi wale walirudi kwao, lakini elfu kadhaa walibaki, na wengine wakawafuata: mafundi wa mbao na chuma, makarani, wachuuzi. Masingasinga walijulikana sana kwa ufundi wa mikono. Walikuja na dini yao, na vilemba vyao, na fimbo za hoki.

Katika Nairobi ya wakati ule kila taifa liliwekwa pahali pake. Watoto wa Wazungu walikuwa na shule zao, watoto wa Wahindi zao, watoto wa Waafrika zao. Wazee wetu waliokaa Stanleyville, mbele ya jina la Kisangani kurudi, wanaujua mupango huo bila kufundishwa. Na michezo ilifuata njia ileile. Masingasinga walikuwa na chama chao, Sikh Union, na huko ndiko Tari alikocheza. Waislamu walikuwa na Sir Ali Muslim Club. Na Wagoa walikuwa na vyama vyao.

Juu ya Wagoa hao, Mapadri wetu watapenda nisimame kidogo. Goa ni sehemu ya Uhindi iliyotawaliwa na Wareno tangu mwaka 1510 mupaka 1961, na huko katika kanisa la Bom Jesus unalala mwili wa Mutakatifu Fransisko Xaveri. Watu wengi wa Goa ni Wakatoliki, na majina yao yanatoka kwa Wareno. Kwa hiyo katika ekipi ya hoki ya Kenya, kando ya akina Singh, mutu alisoma majina kama Alu Mendonca, Hilary Fernandes, Edgar Fernandes, Silu Fernandes, Leo Fernandes. Muchezaji wa mbio Seraphino Antao, aliyeshinda mbio mbili katika Michezo ya Jumuiya ya Madola kule Perth mwaka 1962, naye alikuwa mwana wa Wagoa, wa Mombasa. Jumapili wale walikwenda Misa, na hawa walikwenda kwenye hekalu la Masingasinga. Nyuma ya hapo walikutana kiwanjani. Walipigana kwa nguvu chama kwa chama, na siku ya kuitwa kwa ajili ya Kenya walivaa jezi moja. Jambo hilo lilikuwa zuri, lakini tutaona kwamba halikuenea.

Tari aliitwa mwaka 1957. Alikuwa na miaka 19, umri wa wale wanaokaa kwenye viti vya nyuma pale na kunongonezana. Mwaka mumoja mbele yake, kule Melbourne, Kenya ilikuwa imeingia katika Michezo ya Olimpiki kwa mara ya kwanza. Mwaka 1960 yeye mwenyewe alikwenda Roma, akiwa na miaka 22, na Kenya ikachukua nafasi ya saba. Ni katika michezo ile Uhindi, iliyokuwa imeshinda mara zote tangu mwaka 1928, ilipigwa na Pakistan bao 1 kwa 0. Mukumbuke Wahindi wale walikuwa walimu wa dunia nzima katika hoki. Wazazi wa akina Tari walitoka kwao.

Kenya ikapata uhuru tarehe 12 mwezi wa kumi na mbili 1963. Mwaka uliofuata inchi ilituma vijana wake Tokyo, mara ya kwanza chini ya bendera yake yenyewe. Aliyeibeba bendera ile alikuwa Seraphino Antao, yule Mugoa. Aliyepata medali ya kwanza ya Olimpiki ya Kenya, ya shaba, alikuwa Wilson Kiprugut katika mbio za mita 800. Na kapiteni wa hoki alikuwa Avtar Singh Sohal, mwenye miaka 26. Ekipi yake ilimaliza ya sita, na hakuna ekipi ya hoki ya Kenya iliyopita nafasi hiyo katika Olimpiki mupaka leo. Vijana, mutazame picha hiyo vizuri: inchi ina umri wa miezi kumi tu, na bendera iko mikononi mwa mujukuu wa wageni.

Aliendelea kuwa kapiteni Mexico mwaka 1968, na München mwaka 1972. Olimpiki nne kwa mulinzi wa nyuma si jambo dogo. Mushambulizi anaweza kulala dakika sitini na kuamka mara moja, na watu watamubeba mabegani. Mulinzi akilala mara moja, dakika zake zote zingine zimesahauliwa. Katika ekipi ileile Surjeet Singh Panesar naye alikwenda Olimpiki nne zilezile. Kitabu cha Guinness kiliandika kwamba Tari alichezea Kenya michezo 167 na mataifa mengine kati ya mwaka 1957 na 1972, hesabu ambayo wakati ule hakuna muchezaji wa hoki aliyeifikia.

Kilele kilikuwa Barcelona, mwezi wa kumi mwaka 1971, kwenye Kombe la Dunia la kwanza la hoki. Kenya iliingia katika nusu ya mwisho. Hispania, waliokuwa kwao, wakaishinda bao 1 kwa 0. Katika muchezo wa kutafuta nafasi ya tatu Uhindi ikaishinda Kenya 2 kwa 1. Ya ine katika dunia! Na mwaka mumoja tu nyuma ya hapo, kule München, Kenya ikawa ya 13.

Hapa ndipo nilipotaka kufika. Ginsi gani ekipi inaanguka kutoka ya ine kwenda ya 13, na kisha hairudi tena juu?

Wengine wanasema sababu ni kiwanja. Ni kweli kwamba tangu Olimpiki ya Montreal mwaka 1976 hoki ilianza kuchezwa juu ya nyasi za kiwanda, kama zulia, zenye bei kubwa sana, na inchi masikini zilibaki nyuma. Kenya yenyewe haikucheza Montreal, sababu inchi nyingi za Afrika zilikataa michezo ile kwa ajili ya Afrika ya Kusini. Lakini ekipi ilikuwa imeanguka mbele ya zulia. Sababu kubwa, kwa maoni yangu, iko pengine.

Mwaka 1967 Kenya ilitoa sheria za kazi na za biashara juu ya watu wasio raia. Wahindi wengi hawakuwa wamechukua uraia, wakaona mulango unafungwa. Mwanzo wa mwaka 1968 Uingereza nayo ikafunga mulango wake nusu, basi watu wakakimbilia ndege mbele haujafungwa kabisa. Katika Uganda mambo yalikuwa makali zaidi: mwezi wa nane 1972 Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 kutoka, katika majuma yaleyale ambayo ekipi ya hoki ya Uganda, yenye wana wa Waasia ndani yake, ilikuwa inakwenda München kuichezea Uganda. Wachezaji wa Nairobi na Kampala walitawanyika, Uingereza, Kanada, Australia. Fimbo zikaondoka pamoja nao.

Ni vyepesi kulaumu serikali peke yake, na lawama yake iko. Lakini mwalimu anapaswa kuuliza vilevile: kwa nini walipoondoka hao, hapakuwa na vijana wengine wa kutosha walio tayari? Ni kwa sababu muchezo ulikuwa umekaa ndani ya ukuta. Ukuta ule walianza kuujenga wakoloni, hilo ninalijua. Lakini waliokaa ndani waliuzoea, na vyama vya taifa moja viliendelea kuwa vya taifa moja. Mutoto wa Muafrika katika mutaa wa pili alisikia mulio wa fimbo na hakuwekewa fimbo mukononi. Zimbabwe ilionyesha jambo hilohilo kwa namna ya ajabu: mwaka 1980, miezi michache tu nyuma ya uhuru, wanawake wake walishinda medali ya zahabu ya hoki kule Moskou, na ekipi yote ilikuwa ya Wazungu watupu. Zahabu ile haikuzaa ingine.

Avtar Singh Sohal hakuondoka. Alibaki Nairobi pahali alipozaliwa, na alipoacha kucheza akawa mwalimu wa ekipi ya taifa. Kenya ikarudi katika Olimpiki ya Los Angeles mwaka 1984 na ya Seoul mwaka 1988. Nafasi hazikuwa za juu, lakini angalieni walioshika fimbo: vijana wa Kiafrika walikuwa wameingia, na leo hoki ya Kenya, ya wanaume na ya wanawake, iko mikononi mwao. Mimi ninaihesabu kazi hiyo kupita michezo 167. Kuna watu watakaonikatalia, hasa wapenzi wa vikombe, nami sina ugomvi nao.

Sasa nirudi Yahuma. Tangu mwaka 2023 tumesikia habari za Lubunga, ngambo ya muto mbele ya muji wa Kisangani, ginsi Wambole na Walengola walivyouana sababu ya udongo, mupaka watu kwa maelfu wakaacha nyumba zao. Wengine kati yetu wana ndugu waliokimbia. Neno lililokuwa katika vinywa vya watu ni hili: nani mwenyeji, nani aliyekuja. Neno hilo liko hapa kwetu pia. Ninalisikia kisimani, ninalisikia sokoni, na nimelisikia, kwa huzuni, mbele ya mulango wa kanisa, wakati wa kugawanya kazi za yubile hii. Fundi anayefundisha uashi watoto wa ukoo wake tu, muuguzi anayeficha kazi yake kwa wale wa mugini mungine, hao wanajenga ukuta ule wa Nairobi kwa matofali ya hapa.

Kwa hiyo nimeiomba Kamati jambo moja, na Baba Paroko amekubali. Muchezo wa alasiri hii ulikuwa umeandikwa kuwa mugini kwa mugini, upande wa barabara na upande wa muto. Mupango huo umefutwa. Kila kijana atachukua karatasi katika kapu kwa katekista, nyekundu ao nyeupe, bila kuuliza baba yake ni nani wala alikuja mwaka gani. Wasichana nao wana kapu lao, na wao wataanza. Karatasi zitatolewa mara moja nyuma ya chakula, na mupira utapigwa saa tisa.