Jibu Kwanza, Swali Baadaye: Kitendawili na Mchezo wa Runinga



Tarehe 30 Machi 1964 shirika la NBC la Marekani lilianza kurusha, saa za mchana, mchezo wa chemshabongo uitwao Jeopardy! Katika miaka ya 1950 michezo ya aina hiyo ilikuwa imeingia aibu, baada ya kugundulika kuwa baadhi ya washindani walipewa majibu kwa siri. Julann Griffin akamshauri mumewe, Merv, ayatoe majibu hadharani, mshindani atafute swali. Anayekosea hukatwa fedha.

Tuijaribu kanuni hiyo kwa Kiswahili. Mtangazaji aseme: "Mlima mrefu kuliko yote Afrika." Mmarekani hutanguliza kiulizi, ndipo autaje mlima. Sisi tutasema: "Kilimanjaro ni nini?" Jibu limekwisha kutoka, kiulizi kinafuata kama mkia. Najua wapo watakaotetea "Ni nini Kilimanjaro?" Mpangilio huo upo, ila ni wa msisitizo. Kwetu, basi, mtego wa kanuni hiyo hunasa baada ya windo kupita.

Kitendawili hakihitaji kiulizi hata kidogo. "Nyumba yangu haina mlango" ni sentensi ya taarifa tu. Uulizaji umebebwa na mapatano ya mwanzo: "Kitendawili!" "Tega!" Aliyeitikia amekubali kushindana, na akishindwa hutoa mji.

Mji huo mimi naukumbuka vizuri. Nilisoma shule ya msingi huko Sale, Ngorongoro, kwa Wabatemi, ambao wengi mnawaita Wasonjo. Lugha yao ni ya Kibantu, yenye nasaba na Kigikuyu na Kikamba, ingawa majirani zao ni Wamaasai. Kiswahili tulikipatia darasani. Siku moja nilishindwa kitendawili, nikatoa Samunge. Darasa zima likacheka. Mwalimu akasema hicho ni kijiji, nitoe Arusha. Nikatoa Arusha, nisiyopata kuiona, naye mtegaji akaenda huko, akala, akanywa, akarudi na jibu. Arusha haikunigharimu kitu. Samunge ilikuwa yangu.

Makusanyo mengi niliyoyatumia kufundishia huorodhesha vitendawili upande mmoja na majibu upande wa pili, mji haumo. Hivyo ndivyo mtihani unavyofanana, si mchezo. Ninyi mnaotoka Sale, mtakapokwenda likizo na vinasa sauti vyenu, andikeni pia ni mji gani uliotolewa, nani aliutoa, na kama ulikubaliwa.