Dhamana Kortini



Mshtakiwa wa mauaji akionekana tena mjini Eldoret kabla ya kesi kwisha, wako wanaonong'ona kwamba jaji amehongwa. Tusiharakishe kusema hivyo. Tangu Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 49, hata mshtakiwa huyo ana haki ya kuachiliwa kwa dhamana, ila pakiwa na sababu nzito za kumzuia. Dhamana inapoombwa, jaji haamui kama alitenda kosa. Huangalia kama atarudi kortini, kama atawatisha mashahidi, na kama yeye mwenyewe atakuwa salama nyumbani. Basi mzee atakaye kuweka hati ya shamba lake kumdhamini kijana, na amjue vema kwanza, kwa maana kijana akitoroka, shamba laweza kupotea.