Kurudi Shambani Si Kushindwa



Tulipokuwa tukikalia madawati haya, mwanafunzi mvivu alitishwa kwa maneno mawili tu: "Utarudi kulima." Nami niliogopa. Nikasoma, nikafika Chuo Kikuu, nikaajiriwa serikalini. Marehemu baba aliponiachia michungwa yake, sikwenda kuitunza. Leo vimebaki visiki. Kwa hiyo nisemayo hapa sisemi kwa kujigamba.

Nimetazama filamu ya maisha halisi iitwayo Changing Season, iliyotengenezwa na Jim Choi na kutoka mwaka 2015. Inahusu shamba la mapichi na zabibu la ukoo wa Masumoto, ekari 80, karibu na Fresno, California, nchini Marekani.

Wazee wa ukoo huo walitoka Japani wakawa vibarua katika mashamba ya wengine, kwani sheria ya California ya mwaka 1913 iliwazuia wahamiaji kama wao kumiliki ardhi ya kilimo. Mwaka 1942, wakati wa vita, walihamishwa kwa nguvu pamoja na wenzao wapatao 120,000, wakafungiwa kambini katika jangwa la Arizona. Vita vilipokwisha, mtoto wao alinunua shamba. Mjukuu, David Mas Masumoto, alisoma Chuo Kikuu cha California, Berkeley, kisha akarudi kulima.

Mwaka 1987 aliandika katika gazeti la Los Angeles Times kwamba angeing'oa mipichi yake ya aina ya Sun Crest. Tunda lake ni tamu ajabu, lakini halina wekundu wa kuvutia macho wala halikai sana dukani, hivyo wafanyabiashara hawakulitaka. Wasomaji wakamwandikia barua kumsihi asiing'oe. Akaiacha, na mwaka 1995 akatoa kitabu juu yake.

Katika filamu, mzee huyo anakaribia miaka 60, amefanyiwa upasuaji wa moyo, na ukame umekaza. Binti yake Nikiko, mwenye shahada mbili, amerudi nyumbani kujifunza kazi kwa baba yake.

Ndugu zangu, jambo moja lilinigusa. Mipichi ile haikuokolewa na jembe peke yake. Iliokolewa na mkulima aliyejua kuandika. Elimu haikumtenga na shamba la baba yake, bali ilimpa silaha ya kulitetea. Sisi tulifundishwa kuiona elimu kama tiketi ya kwenda tu, isiyo na safari ya kurudi.

Vijana, someni kwa bidii. Lakini likizo ikifika, mwenye mzazi aliyepanda miti afuatane naye shambani, amwulize kila mti ni wa aina gani, aliupanda lini, na unatunzwaje. Mimi sikuuliza, na visiki havijibu.