Kunakili Kitabu: Haki ya Mtungaji na Haja ya Mwanafunzi



Jioni hii napenda kuzungumza nanyi juu ya jambo ambalo kila mwalimu analijua, ingawa pengine hajapata kulitia katika maneno. Mwalimu ana kitabu kimoja, na mbele yake wamekaa wanafunzi hamsini. Ndani ya kitabu kile mna sura moja wanayoihitaji. Je, akiinakili sura ile na kuwagawia, amefundisha au ameiba?

Wazee wetu wa pwani wangalistaajabu kuulizwa swali hili. Kwao kunakili kitabu kulikuwa kazi ya heshima. Waandishi wa Siyu, katika kisiwa cha Pate, walisifika kwa misahafu waliyoiandika kwa mkono. Na mtu aliyetaka utenzi alio nao jirani yake aliuazima, akakaa na kalamu na wino wake mpaka akaumaliza. Hapana aliyeona amenyang'anywa, maana taabu ya kuandika nakala ya pili ilikuwa sawasawa na taabu ya kuandika ya kwanza. Mambo yaligeuka ulipokuja mtambo wa kupiga chapa. Herufi zikishapangwa, nakala ya elfu hutoka kwa taabu ndogo kabisa. Na hapo mtu mjanja aweza kuichukua kazi ya mwenziwe, akaipiga chapa kwa bei rahisi, na kumwacha mtungaji akihesabu hasara.

Ndiyo sababu ilitungwa sheria huko Uingereza mwaka 1710, katika enzi ya Malkia Anne, nayo huhesabiwa kuwa mama wa sheria za hakimiliki. Mtungaji wa kitabu kipya alipewa haki ya peke yake ya kukichapisha kwa miaka 14. Na kama alikuwa hai muda huo ulipokwisha, aliongezewa miaka 14 mingine. Naomba mwangalie mambo mawili katika sheria ile. Kwanza, jina lake lilitamka kwamba imetungwa ili kutia nguvu elimu. Faida ya wauza vitabu haikutajwa katika jina hilo. Pili, iliamuru kwamba nakala 9 za kila kitabu zitolewe kwa ajili ya maktaba, miongoni mwazo maktaba ya mfalme na za vyuo vikuu vya Oxford na Cambridge, na vinne vya Scotland. Basi maktaba haikuja baadaye kama mgeni wa kuomba hisani. Ilikuwamo tangu siku ya kwanza.

Sasa twende mpaka Delhi, katika nchi ya India, maana huko swali letu liliulizwa mbele ya jaji kwa uwazi mkubwa.

Katika Chuo Kikuu cha Delhi, penye skuli yake ya uchumi, palikuwa na duka dogo la kutoa kopi, mfano wa zile steshenari zilizo karibu na kila chuo huku kwetu. Jina lake Rameshwari Photocopy Service, nalo lilifanya kazi kwa ruhusa ya chuo chenyewe. Waalimu waliandika orodha ya masomo: sura moja ya kitabu hiki, kurasa kadha wa kadha za kile. Mwenye duka alizinakili, akazifunga pamoja, akawauzia wanafunzi kwa bei ndogo. Mwaka 2012 wachapaji wakubwa, Oxford University Press, Cambridge University Press na Taylor & Francis, walilishitaki duka na chuo pamoja katika Mahakama Kuu ya Delhi.

Wanafunzi hawakunyamaza. Waliunda chama chao, wakaomba nao wasikilizwe mahakamani. Na baadhi ya watungaji ambao sura zao zilikuwa katika mafungu yale waliandika barua kuwasihi wachapaji waiache kesi. Jambo hili lanivutia sana, kwa kuwa haki iliyodaiwa pale ni haki ya mtungaji, na mtungaji mwenyewe alisimama upande wa pili!

Mabishano yakaja kushika maneno machache tu. Sheria ya India ya mwaka 1957 yasema kwamba mwalimu au mwanafunzi hakosi akinakili kazi ya mtu katika kufundisha au kufundishwa. Wachapaji walishikilia kwamba maneno hayo yahusu darasani tu, mwalimu na mwanafunzi wakitazamana. Na mwenye duka anayechukua fedha si mmoja wao. Jaji Rajiv Sahai Endlaw, katika hukumu yake ya tarehe 16 Septemba 2016, hakukubali. Aliona kwamba kufundisha ni mpango mzima wa masomo, wala si saa ile ya darasa peke yake. Tena akakumbusha kwamba zamani za uanafunzi wake kitabu kilikuwa kimoja maktabani, na wanafunzi walikaa wakinakili kurasa kwa mkono. Lililo halali kwa kalamu, kwa maoni yake, haliwi haramu kwa sababu mashine imeshika kazi ya kalamu.

Hukumu ile naisifu, lakini hoja hiyo ya kalamu na mashine hainitoshelezi. Tumekwisha kuona kwamba mtambo ndio uliozaa sheria yenyewe. Basi hatuwezi kusema mtambo haubadili kitu. Mkono huchoka, na kuchoka kwake kulikuwa ulinzi wa mtungaji. Mashine haichoki. Kwa hiyo yapasa kutafuta mpaka mahali pengine, yaani katika kusudi la kunakili na kadiri ya kilichonakiliwa.

Mataifa hayakuuchora mpaka huo mahali pamoja. Mwaka 1991 mahakama ya New York ilikuwa na kesi iliyofanana sana na ya Delhi, juu ya maduka ya Kinko's yaliyowauzia wanafunzi mafungu ya sura zilizonakiliwa. Sheria ya Marekani huuliza maswali manne, na moja lao ni kama soko la kitabu limeumizwa. Kinko's walishindwa, wakaamriwa kulipa dola 510,000. Sheria ya Kenya ya mwaka 2001 iliruhusu vipande vifupi visivyozidi viwili vya kazi moja kutiwa katika mkusanyo wa skuli, mradi chanzo chake kitajwe. Ile ya Tanzania ya mwaka 1999 iliruhusu kazi itumiwe kwa mfano wa kufundishia, kwa kadiri ya haja, na jina la mtungaji lisifichwe.

Sharti hilo la jina ni dogo, wala halina gharama. Hata hivyo ndilo livunjwalo kila siku.

Wala tusidhani kwamba watungaji wote ni kama wale wa Delhi. Mwanachuoni wa chuo kikuu hupata mshahara, naye hufurahi akisomwa. Lakini yuko mwalimu mstaafu aliyetunga kitabu cha hesabu kwa ajili ya madarasa ya chini, na soko lake ni madarasa hayo tu, hana jingine. Skuli ikinunua nakala moja na kukinakili kitabu kizima kwa watoto wote, imeyafunga mapato yake yote. Hapo sioni ufundishaji wa kumtetea mwenye mashine.

Majaji wa rufani wa Delhi waligusa jambo hili tarehe 9 Desemba 2016. Walikubaliana na mwenzao kwa mengi, wakakataa kulizuia duka lisiendelee na kazi, wala hawakuweka hesabu ya kurasa. Kipimo chao kilikuwa haja ya mafundisho. Walakini waliirudisha kesi ili ichunguzwe kama sura zile zote zilihitajiwa kweli kweli, na habari ya vitabu vilivyonakiliwa vizima. Uchunguzi huo haukufanyika. Mwezi wa Machi 2017 wachapaji waliiondoa kesi yao mahakamani.