Uhuru wa Miezi Minne

Nimepewa dakika tano, na nitazungumzia kikosi kimoja cha askari wa miguu: Kikosi cha Kwanza cha Rhode Island, katika vita vya mapinduzi ya Marekani. Mtauliza kinatuhusu nini. Subirini kidogo.

Mwanzoni mwa 1778 jeshi la George Washington lilikuwa hoi kwa njaa, baridi na maradhi. Rhode Island ilidaiwa askari, watu hakuna, na Waingereza wameshika Newport. Februari bunge la jimbo likapitisha sheria: mtumwa akijiandikisha na kukubaliwa mbele ya Kanali Christopher Greene, papo hapo anakuwa huru. Fidia pia ipo, hadi pauni 120. Ya nani? Ya bwana wake!

Sasa sisi wa sheria huwa tunauliza: mwisho wake lini? Bunge lilelile likaamua kwamba baada ya tarehe 10 Juni mlango umefungwa. Miezi minne tu, jamani, na vita bado vinaendelea.

Waliowahi kuingia walipigana kweli. Tarehe 29 Agosti 1778 walirudisha nyuma mashambulizi ya askari wa Kijerumani waliokodiwa na Waingereza. Mei 1781 Kanali Greene aliuawa. Oktoba mwaka huo wanajeshi wa Rhode Island, weusi na weupe, walikuwepo Yorktown Waingereza waliposalimu amri.

Halafu? Mwaka 1784 jimbo likatunga sheria nyingine: watakaozaliwa na mama mtumwa kuanzia tarehe 1 Machi ni huru. Mama mwenyewe anabaki mtumwa! Utumwa wenyewe ulipigwa marufuku na katiba ya 1842. Hesabuni: miaka 64 tangu sheria ile ya Februari.

Hoja yangu ni hii. Haki uliyopewa kwa sababu mkubwa amebanwa, atakuja kuifungia mlango akipata nafasi. Kwa hiyo tukiletewa marekebisho ya haraka karibu na uchaguzi, tusikimbilie kupiga makofi. Tuulize: linamgusa nani, linaisha lini, na nani anaweza kulifuta asubuhi moja? Ndiyo maana tunasema katiba mpya, siyo kiraka.

Someni vifungu, makamanda. Vyote, hadi cha mwisho.