Mzee wa Kaya Ndiye Mpaka wa Kaya

Hotuba kwa mabaraza ya wananchi, Kaunti ya Kilifi

 

Kila mkaazi wa Kilifi anaujua msitu wa kaya, hata kama hajauingia. Ni pale ambapo miti haikatwi ovyo, na anayeingia hupita njia ya mababu kwa idhini ya wazee. Wamijikenda waliishi humo kuanzia karne ya 16, katika vijiji vilivyokingwa na msitu. Kufikia miaka ya 1940 walikuwa wamehamia mashambani, lakini makaburi, mahali pa matambiko na fingo, yaani kinga iliyozikwa ardhini, vilibaki. Ndiyo maana miti nayo ikabaki.

Mkoloni aliijua nguvu ya mahali hapo. Wagiriama walipokataa kodi na kazi ya kulazimishwa, wakihamasishwa na Mekatilili wa Menza, Waingereza waliilipua Kaya Fungo kwa baruti mnamo Agosti 1914. Kaya haikufa. Wazee walirudi.

Leo sheria ipo. Tangu 1992 kaya nyingi zimetangazwa kuwa turathi za kitaifa, chini ya Makavazi ya Kitaifa ya Kenya. Mwaka 2008 UNESCO iliziingiza kaya za Wamijikenda katika orodha ya urithi wa dunia. Mwaka 2009 mila zake ziliwekwa katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka. Katiba, Kifungu cha 63, inaitambua misitu ya jamii na mahali pa ibada za kimila kuwa ardhi ya jamii.

Hata hivyo, karatasi haikeshi msituni. Anayejua mpaka uko kwenye mti gani, na kaburi lipi ni la nani, ni mzee. Na mzee huyo yuko hatarini. Hapa Kilifi wazee wameuawa kwa kusingiziwa uchawi, na mara nyingi nyuma ya shutuma hizo kuna ugomvi wa shamba. Mvi zimegeuzwa kosa. Akizikwa, ujuzi wa mpaka huzikwa naye, na anayemezea mate kipande cha msitu hana tena shahidi wa kumpinga.

Kwa hivyo, familia yenye mzozo wa ardhi iupeleke kwa wazee, kwa chifu au mahakamani. Anayesikia mzee akitishwa apige ripoti siku hiyo hiyo, asingoje matanga. Anayeuziwa ploti karibu na kaya awaulize wazee na ofisi ya ardhi kabla ya kutoa pesa. Nao vijana waombe ruhusa, wautembee mpaka pamoja na wazee, wajifunze majina ya miti wangali hai wa kuwafundisha.

Mwacha mila ni mtumwa. Anayemuua mzee kwa ajili ya shamba ameiuza mila na wenye mila.